Nakaa Ruiru, Kura Yangu Iko Kizingitini

Mvua ya Aprili ilipoanza, mtaro wa barabara yetu ulizibika tena. Mimi nakaa ghorofa ya pili kwa hivyo maji hayaingii kwangu, lakini kila asubuhi lazima nivuke dimbwi nikielekea steji, nimevaa gambuti, viatu vya kazini viko kwenye mfuko. Jumapili moja wakazi tukakutana kando ya kibanda cha mboga kuzungumzia la kufanya. Wapangaji tulikuwa wengi, wenye ploti watatu au wanne, na vijana wa boda walikuwa na hasira kutushinda sote manake pikipiki zao ndizo zinazoumia. Nilizungumza kwa ukali. Nikasema hatuwezi kukaa kama watu wasio na mbunge wala mwakilishi wadi, kwamba twende tuwaone tukiwa wengi, tuwakumbushe kwamba 2027 haiko mbali.

Mzee mmoja mwenye ploti alinisikiliza mpaka nikamaliza. Kisha akaniuliza, kwa upole kabisa, "Msichana wangu, wewe unapiga kura wapi?"

Nilitamani kudanganya. Nikasema, "Nimejiandikisha kwetu."

"Kwenu ni wapi?"

"Lamu. Lamu Mashariki."

Watu walicheka, na mzee naye akacheka, bila ubaya. Akasema, "Sasa huo mtaro tutaupeleka Lamu?"

Tangu siku hiyo swali lake halijanitoka. Najua si langu peke yangu. Ukiuliza kwenye matatu yoyote inayotoka Nairobi jioni, utapata watu wanaolala Kasarani, Rongai au Ruiru na kura zao ziko Busia, Kitui, Nyeri, Kisii. Tunaita ushago "nyumbani" na tunapokaa tunapaita "kwa nyumba." Si vibaya. Lakini kura ni kitu cha kumpa mtu mwingine mamlaka juu ya watu, na nimeanza kujiuliza kama nina haki ya kumpa mtu mamlaka mahali ambapo sitakuwepo akianza kuyatumia.

Mimi nilijiandikisha nikiwa na miaka kumi na minane, likizoni Kizingitini, kisiwani Pate, kwa mamangu. Mjomba ndiye aliyenipeleka. Hakuniuliza kama nataka. Alisema tu, "Chukua kitambulisho twende," kama mtu anayekwambia chukua kikapu twende sokoni. Nilifurahi sana, sitaki kudanganya. Nilijiona mtu mzima. Mwaka uliofuata nikaja chuo huku bara, nikapata kazi, nikapanga nyumba, nikahama, nikahama tena. Kura ikabaki kule kama sanduku la nguo za zamani ambalo mtu humwachia nyanyake.

Hebu sasa tutazame hesabu, manake hapa ndipo mambo yalipoanza kunikaa vibaya.

Bunge la Taifa lina wabunge 290 wa maeneobunge, wanawake 47 waliochaguliwa na kaunti, wateule 12, na spika. Ukichukua Wakenya wote waliohesabiwa mwaka 2019, ambao ni 47,564,296, ukawagawa kwa maeneobunge 290, kila eneobunge lingekuwa na watu 164,000 hivi. Hicho ndicho kiwango. Katiba, Ibara ya 89, inasema idadi ya watu katika kila eneobunge iwe karibu na kiwango hicho kadiri inavyowezekana. Inaruhusu kupanda au kushuka kwa asilimia 40 mijini na sehemu zenye watu wachache waliotawanyika, na asilimia 30 kwingineko.

Sensa hiyohiyo ilipata watu 22,258 Lamu Mashariki. Ruiru ilipata 371,111.

Nilipopiga hesabu hiyo kwa simu niliirudia mara mbili. Mbunge mmoja wa Ruiru anabeba watu karibu mara kumi na saba ya wale wanaobebwa na mbunge wa Lamu Mashariki, na wakifika bungeni kila mmoja ana kura moja. Wakipitisha ushuru, wakipitisha bajeti, ile "ndiyo" ya watu elfu ishirini na mbili ina uzito sawa na ile "ndiyo" ya watu laki tatu na sabini. Hata ukishuka asilimia 40 kutoka kwenye kiwango unafika watu 98,000 na kitu. Lamu Mashariki iko mbali sana chini ya hapo.

Hili halikutokea kwa bahati mbaya. Mwaka 1963 tulianza na maeneobunge 117, yakawa 158, kisha 188, kisha 210, na Katiba ya 2010 ikaleta 290. Kila mara mipaka ilipochorwa, kulikuwa na mtu aliyekuwa akiangalia nani atashinda wapi. Baada ya balaa la 2007 na 2008, tume ya Jaji Kriegler iliutaja waziwazi upungufu huu, kwamba maeneobunge yamepishana mno kwa idadi ya watu. Halafu Katiba mpya ilipokuja, ikaweka kwamba katika mapitio ya kwanza hakuna eneobunge litakalopotea kwa sababu ya udogo wake. Mipaka ya 2012 ikawaacha wadogo walipo. Mapitio yaliyofuata yalitakiwa yafanyike kati ya miaka minane na kumi na miwili, muda ukaisha Machi 2024 tume ikiwa haina makamishna. Kwa hivyo tuko pale pale.

Rafiki yangu mmoja, mtu wa Githurai, nilipomwonyesha tarakimu hizi alikasirika. "Yaani wewe ni mtu kumi na saba?" Akasema suluhisho ni kufanya kama Afrika Kusini: kila chama kinapata viti kulingana na asilimia ya kura zake, na kura ya mtu wa kisiwani ina uzito sawa na ya mtu wa mjini. Hilo ni kweli. Huko tangu 1994 viti 400 vya bunge lao hugawanywa kwa uwiano wa kura, ingawa tangu 2024 wamefungua mlango kwa wagombea binafsi. Lakini nikamuuliza, mtaro wetu ukiziba huko tutamwendea nani? Mbunge wa orodha ni wa chama. Chama ndicho kilichomweka, na chama ndicho anachokiogopa. Sisi angalau tuna mtu mmoja ambaye jina lake tunalijua na ambaye tunaweza kumtukana kwa haki.

Akasema, "Na anakusikia?"

Tukaliacha hapo.

Tena kuna jambo ambalo rafiki yangu hawezi kuliona akiwa Githurai, na mimi nimeliona. Lamu Mashariki ina wadi tatu: Faza, Kiunga na Basuba. Basuba ndiko wanakokaa Waaweer, wale ambao wengi huwaita Waboni, watu wachache sana walioishi kwa msitu miaka na miaka, kwa asali na uwindaji, mpaka uwindaji ukapigwa marufuku. Vita vya al-Shabaab vilipofika msituni, na operesheni ya usalama ikaanza mwaka 2015, shule na zahanati za vijiji vyao zilifungwa kwa muda mrefu. Sasa fuata kile kiwango cha 164,000 bila huruma. Unaiunganisha Lamu yote, ambayo haifiki hata 144,000, inakuwa eneobunge moja. Mbunge wake atapatikana Lamu Magharibi, kuliko na watu zaidi ya laki moja na ishirini elfu. Mtu wa Mangai au Mararani atakuwa sawa na mtu wa Ruiru kwenye karatasi, na hakuna mgombea atakayewahi kuona sababu ya kupanda boti au kuingia msituni kumtafuta.

Kwa hivyo mimi siwezi kusema kwamba wachache wakipewa uzito zaidi ni dhuluma. Watu wawili wanaopiga kelele sawa, mmoja akiwa mlangoni na mwingine akiwa ng'ambo ya mto, hawasikiki sawa. Ukimpa wa ng'ambo kipaza sauti hujamwonea wa mlangoni. Unaweza kubishana ni kikubwa kiasi gani, na mara kumi na saba naona imepita kipimo, lakini sababu ipo.

Shida ni kwamba mimi siko ng'ambo ya mto. Mimi niko mlangoni, Ruiru, na kile kipaza sauti nimekishika mkononi.

Hilo ndilo lililonichoma. Uzito ule uliwekwa kwa ajili ya anayengoja boti mgonjwa akiwa mikononi, kwa ajili ya mvuvi, kwa ajili ya mama wa Basuba ambaye mtoto wake alikaa bila shule. Mimi naukopa mara moja kila miaka mitano kisha narudi Thika Road. Na angalia kinachotokea upande wa pili. Usiku wa sensa 2019 nilihesabiwa hapa. Mwili wangu uliingia kwenye zile 371,111. Siku moja tume ikichora mipaka, mwili wangu utaisaidia Ruiru kudai kiti cha pili. Lakini siku ya kura, mwili huo hauna mdomo. Mwanasiasa mwerevu anajua ploti zipi zimejaa watu ambao wataondoka Agosti, na anajua kina nani watabaki. Halafu tunashangaa kwa nini mikutano yote inazungumzia ada za ardhi na hati miliki, na kodi ya nyumba haitajwi kamwe. Wapangaji tumejifuta wenyewe.

Mjomba nilipomdokezea kwa simu kwamba nafikiria kuhamisha kura, alinyamaza kidogo. Yeye ni mtu wa kuhesabu kura. Katika grupu ya WhatsApp ya ukoo anajua nani amesajiliwa kituo gani. Akaniambia, "Huko wewe ni mpangaji. Mpangaji anahama kesho. Ardhi yenu iko huku, makaburi ya wazee wako yako huku, na ukifa utaletwa huku. Sasa unataka mtu wa huko akuamulie?"

Sina jibu kamili kwa maneno hayo. Ni kweli nimehama nyumba mara tatu. Ni kweli pia kwamba kuna Wakenya wengi ambao hawakuchagua kuweka kura ushago kwa mapenzi tu. Baada ya 2007 watu walijifunza kwamba siku za uchaguzi, mahali unapokaa panaweza kukugeuka, jirani aliyekuazima chumvi akaanza kuuliza jina lako la tatu. Mpaka leo wiki ya uchaguzi stendi za mabasi hujaa. Mtu akiniambia anapiga kura kwao kwa sababu ndipo peke yake anaweza kusimama kwenye foleni bila kuangalia nyuma, siwezi kumhubiria habari za mitaro. Hoja yangu yote inasimama juu ya kudhani kwamba unapokaa pamekukubali. Hilo kwa wengine ni dhana kubwa mno.

Lakini kwangu halikuwa hilo. Kwangu ilikuwa mazoea, na kitu kingine ambacho ni lazima nikiseme.

Mwaka mmoja wa uchaguzi, nauli yangu sikuilipa mimi. Mtu wa mgombea fulani alikodi basi kutoka Nairobi. Tuliambiwa tufike na vitambulisho, tukapewa chakula njiani na pesa kidogo za boti. Safari ni ndefu, vizuizi vya polisi ni vingi, ukifika jeti ya Mokowe unangoja maji yajae, kisha mashua mpaka kisiwani. Tuliimba njia nzima. Ilikuwa raha kwa kweli, ilikuwa kama kwenda harusini. Hakuna aliyetuambia waziwazi tumpigie nani. Hakukuwa na haja. Mgombea huyo simtaji, wala sisemi kama alipita. Kura yangu ni siri na wacha ibaki siri, ingawa siri ya mtu aliyelipiwa nauli ni kitu cha kuchekesha.

Kwenye basi tulikuwa watu hamsini na kitu. Sasa kumbuka mfumo wetu. Rais anatakiwa apate zaidi ya nusu ya kura zote, na asilimia 25 katika kaunti zisizopungua 24, ama turudie. Mbunge hana masharti hayo. Anayeongoza kwa kura moja ameshinda. Wakigombea sita, unaweza kuingia bungeni huku watu wengi wa eneo lako walikukataa. Hivyo mahali penye wapiga kura wachache na wagombea wengi, basi moja la watu wa Nairobi si mzaha. Tunaweza kuamua. Tukaamua, tukakaa siku mbili tukila samaki kwa nyanya, kisha tukarudi kazini, na yule tuliyemweka au kumnyima akabaki na watu ambao hawakupanda basi letu.

Nyanya yangu husimulia mlolongo wa 1988, uteuzi wa KANU, watu walipopangwa foleni nyuma ya mawakala walioshika picha za wagombea. Anasema aibu kubwa haikuwa kwamba watu walikuona. Aibu ilikuwa kuona foleni fupi ikitangazwa mshindi, na kila mtu akienda nyumbani kana kwamba hakujua kuhesabu. Zamani nilikuwa nikimsikiliza kama historia. Siku hizi najiuliza kama sisi wa basi tofauti yetu ni kubwa hivyo. Foleni ilikuwa ndefu kweli, tulihesabiwa sawasawa, hakuna kura iliyoibwa. Ila sehemu ya foleni ilikuwa imekodiwa.

Sitaki mtu asome hapa kwamba Lamu Mashariki haijui kuchagua bila sisi. Mwaka 2022 iliingiza bungeni Ruweida Obo, rubani, aliyekuwa mwakilishi wa wanawake wa kaunti kabla ya hapo. Katika maeneobunge 290 wanawake waliochaguliwa moja kwa moja mwaka huo walikuwa thelathini hivi, na Katiba imekuwa ikituambia tangu 2010 kwamba jinsia moja isizidi theluthi mbili. Mwaka 2020 Jaji Mkuu Maraga alimshauri rais avunje bunge kwa kushindwa kulitekeleza hilo, na bunge halikuvunjwa. Miji mikubwa yenye watu wa kusoma ina maelezo ya kutoa kuhusu hilo kuliko kisiwa chetu. Nilijivuna matokeo yalipotoka. Lakini mtu akiniuliza leo mbunge huyo amefanya nini kizuri au kibaya tangu aingie, nitaanza kutafuta kwenye simu. Nyanya hatafuti kwenye simu. Yeye anajua kama boti ya wagonjwa imefika au haijafika.

Nilimpigia mwezi uliopita. Nilikuwa nimejiandaa kama mtu anayekwenda kuposa, maneno nimeyapanga. Nikamwamkia, nikamuuliza magoti, nikamuuliza kuku, kisha nikamwambia nyanya, nataka kuhamisha kura yangu niilete huku ninakokaa, usinielewe vibaya.

"Kwani ulikuwa hujahamisha?" akasema.

Nikanyamaza.

"Mimi nilidhani ulihamisha zamani. Ukija na lile basi nilidhani unakuja kuniona mimi."

Nilicheka ili nisifanye kitu kingine. Akaniuliza kama bado maji yanajaa barabarani, nilikuwa nimemtumia video. Nikamwambia yanajaa. Akaniuliza mwenye kufungua mtaro ni nani. Nikamwambia bado tunabishana kama ni wadi, kaunti au mbunge. Akasema basi nyinyi bado sana, akaanza kunieleza habari za harusi ya binamu yangu mwezi wa Shaaban na kwamba nauli nijilipie.

Mjomba sijamwambia. Atajua, orodha haimfichi kitu.

Jumamosi iliyopita nilikwenda kwa makarani wa tume. Foleni ilikuwa fupi kuliko nilivyotarajia, vijana sita au saba, wengi wao wakijiandikisha mara ya kwanza. Karani alikuwa kijana wa rika langu. Alichukua kitambulisho, akaandika, akaniuliza natoka wapi nakuja wapi.

"Natoka Lamu Mashariki. Nakuja Ruiru."

Akainua macho. "Dada, kila mtu anakimbia huku? Tumejaa."

"Najua," nikasema. "Tuko laki tatu na sabini."

Akanielekeza mahali pa kuweka kidole.